Hongera, Simutowe

Vijana wa Goma wanaopenda sataranji wasitazame Moscow tu. Jirani yetu Zambia ina Amon Simutowe. Mwaka 2000 alishika nafasi ya pili katika mashindano ya dunia ya vijana mjini Yerevan. Baadaye alikitafuta cheo cha bingwa mkuu, nacho hakitolewi kwa huruma: unatimiza vigezo katika mashindano makali, na pia unafikisha alama 2500 za kiwango cha uchezaji. Vigezo alivimaliza Uholanzi mwaka 2007, lakini cheo hakikuja hadi 2009. Uvumilivu huo, kwangu mimi, unapita hata cheo chenyewe. Akawa bingwa mkuu wa kwanza kutoka kusini mwa Sahara. Wazazi wa Goma, mtoto akiomba ubao wa sataranji, mnunulieni.