Kasi Inayopikwa Ndani ya Bomba la Moshi

Gari dogo lenye injini ya sentimita za ujazo 10, lililofungwa kwa waya kwenye nguzo iliyo katikati ya uwanja wa mviringo, leo huvuka kilomita 340 kwa saa. Mwishoni mwa miaka ya 1940, enzi ya injini mashuhuri za ndugu wa Dooling wa California, magari yenye ujazo huohuo yalikuwa yamevuka 200. Nguvu inayotakiwa kushinda ukinzani wa hewa hupanda kwa kipeo cha tatu cha kasi, hivyo gari la umbo lilelile lingehitaji nguvu karibu mara 5. Nashikilia kwamba sehemu kubwa ya nguvu hiyo ilipatikana kwa kuitawala gesi inapoingia na kutoka.

Hatua ya kwanza ilikuwa plagi ya mwanga, aliyoitoa Ray Arden wa Marekani mwaka 1947. Waya wake wa platini hubaki wa moto kwa kukutana na methanoli, kwa hiyo koili na betri ziliachwa. Hatua ya pili, iliyokuja baadaye, ndiyo iliyobadilisha mchezo: bomba la moshi lililopimwa. Tundu la moshi linapofunguka, wimbi la shinikizo hukimbia ndani ya bomba. Sehemu inayopanuka hurudisha mvuto unaosafisha silinda; sehemu inayobana hurudisha shinikizo linalosukuma ndani mchanganyiko mbichi uliokwisha kuponyoka. Bomba likiwa refu mno, wimbi huchelewa na tundu limeshafungwa. Likiwa fupi mno, huwahi na kazi huharibika.

Wapo watakaosema siri ni bodi nyembamba. Bodi imesaidia kweli, lakini waya una mpaka wake. Nusu yake ya nje hula sehemu 15 kati ya 16 za nguvu yote inayopotea kwenye waya, na haiwezi kupunguzwa unene ovyo: gari la kilo 3 likienda 340 kwenye nusu kipenyo cha karibu mita 10 huuvuta kwa nguvu sawa na uzito wa kilo 270 hivi. Wengine watataja metali bora. Hizo huiwezesha injini kustahimili mizunguko mingi, haziijazi silinda.

Pingamizi zito zaidi ni kwamba gari lisilo na dereva halipimi ustadi. Napinga. Injini huanza na mafuta mengi, chini ya mizunguko ambayo bomba linaitaka. Mchanganyiko unapopungua mafuta, injini hupanda hadi ikutane na wimbi lake. Fundi hukadiria mkutano huo kabla ya kuliachia gari, na akikosea hana usukani wa kumwokoa. Ustadi wote umeshatumika mezani, kwenye urefu wa bomba na uwazi wa sindano ya mafuta.