Neno "Tusamehe" katika Sinema za Josiah Kibira

Josiah Kibira ni mzaliwa wa Bukoba, mwana wa Askofu Josiah Kibira aliyekuwa Rais wa Shirikisho la Kilutheri Ulimwenguni tangu 1977 hata 1984. Picha zake tatu zijulikanazo, yaani Bongoland (2003), Tusamehe (2005) na Bongoland II (2008), alizitunga na kuziongoza yeye mwenyewe, naye akiwa mkaazi wa Minnesota, Marekani. Kwa sababu hiyo wako wanaosita kuzihesabu katika sinema ya taifa.

Jina Bongoland limeunga bongo, lakabu ya Dar es Salaam iliyokuja kuwa ya Tanzania nzima, na neno la Kiingereza lenye maana ya nchi. Lafaa sana kwa kisa cha Juma, mhamiaji anayehangaika ugenini. Walakini nchi ya kubuni ni pazia pia: mtazamaji aweza kujidai kwamba hasemwi yeye.

Tusamehe yaliondoa pazia hilo. Habari zake ni za familia ya Kitanzania huko Marekani, na UKIMWI unaoingia nyumbani mwao. Sasa na tulitazame jina. Kiambishi tu- kikiwa cha mtendwa, maana ni ombi: wakosaji waomba msamaha. Kikiwa cha mtenda, maana ni himizo: haya, sisi na tusamehe. Sala ya Bwana husema "utusamehe", na ile u- yafunga mlango wa maana ya pili. Kibira ameiacha, na mlango umebaki wazi.

Jambo hili si la sarufi tu. Wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI nchini Tanzania walitambuliwa mkoani Kagera mwaka 1983, katika hospitali ya Ndolage, Muleba. Katika nchi ya Wahaya, ambako mauti yaliacha wajane na yatima wengi, mwenye kuomba msamaha na mwenye kuombwa huweza kukaa chini ya paa moja. Neno moja limewachukua wote wawili.

Basi, sinema ya taifa isipimwe kwa mahali kamera iliposimama, bali kwa lugha yake na kwa watu inaowasemesha. Kwa kipimo hicho, Tusamehe ni ya Muleba kuliko ya Minnesota, nayo yastahili kusomwa na wataalamu wa Kiswahili kwa makini yale yale wanayoyapa mashairi.