Owuor Alienda Wapi?

Ukitazama Nirgendwo in Afrika (2001), ile ya Caroline Link iliyobeba Oscar mwaka 2003, utaambiwa ni hadithi ya Wayahudi waliomkimbia Hitler wakaja Rongai, hapa kwetu. Sawa. Lakini anayeibeba ni mpishi wao, Owuor. Sidede Onyulo anakataa kumcheza kama yule boi wa sinema za wazungu. Akipewa kazi isiyo yake, anamkumbusha memsahibu kwamba yeye ni mpishi. Akizawadiwa joho la wakili, analivaa kama lake tangu zamani. Mwishoni anaondoka na mbwa. Kamera inabaki na familia. Hapo ndipo filamu inamwangusha. Huko alikoelekea kuna filamu nyingine nzima, na hiyo ni yetu kutengeneza.