Wolfgang Zeller na Muziki wa Senema ya Serengeti

Walioitazama senema ya Kijerumani iitwayo Serengeti darf nicht sterben, ya mwaka 1959, humkumbuka Bernhard Grzimek na mwanawe Michael, aliyekufa kwa ajali ya ndege kabla kazi haijakwisha. Mtungaji wa muziki wake, Wolfgang Zeller (1893–1967), hatajwi sana. Lakini habari zake zastahili kuchunguzwa.

Mwaka 1926 Zeller aliitungia muziki senema ya vivuli ya Lotte Reiniger, na mwaka 1932 Vampyr ya Dreyer. Mwaka 1940 alitunga muziki wa Jud Süß, senema ya Wanazi ya kuwachochea watu wawachukie Wayahudi. Mwaka 1947 akatunga ule wa Ehe im Schatten, senema inayoomboleza mateso ya Wayahudi hao hao.

Kalamu ni ile ile. Wala maombolezo ya baadaye hayaifuti chuki ya kwanza. Muziki wa senema hausemi neno, lakini humwelekeza mtazamaji amwonee nani huruma na amwogope nani. Senema ya Serengeti yawaombea wanyama. Wamasai, ambao kufikia mwaka 1959 walihamishwa kutoka hifadhi hiyo, haiwaombei.

Sisi wa Galula, jirani na nyanda za Ziwa Rukwa, twajua kuwa nyika ina wanyama, tena ina wenyewe. Basi ustadi wa Zeller na tuusifu. Lakini hatuna budi kuuliza pia ulimtumikia nani.