Usanii Uliojificha: Nafasi ya Vladimír Pucholt katika Filamu za Kicheki

Wahakiki wa filamu za Chekoslovakia za miaka ya 1960 wamezoea kuueleza uhalisia wa mwongozaji Miloš Forman kwa hoja moja: kwamba aliwatumia watu wa kawaida wasio na mafunzo ya uigizaji. Hoja hii ina ukweli, lakini haijitoshelezi. Makala haya yanadai kuwa sehemu kubwa ya uhalisia huo ilitokana na mwigizaji aliyesomea sanaa yake, Vladimír Pucholt, ambaye hatajwi sana nje ya kwao.

Tuanze na Černý Petr, iliyotuzwa Locarno mwaka 1964. Baba wa mhusika mkuu aliigizwa na Jan Vostrčil, kiongozi wa bendi. Vostrčil alihitaji tu kuwa yeye mwenyewe. Pucholt, kwa upande wake, alilazimika kumuumba Čenda, kijana anayejifunza uashi, mwenye kelele za kujigamba na hofu mbele ya wasichana. Salamu anayoirudiarudia ili aitikiwe inaanza kwa kuchekesha na kuishia kutia huruma. Mpito huo hauwezi kuwa wa kubahatisha.

Ustadi huu unakomaa katika Lásky jedné plavovlásky (1965). Milda, mpiga piano kutoka Prague, anahangaika na pazia la dirisha linalokataa kukaa chini, huku Andula akimcheka kitandani. Vichekesho vya namna hii hutegemea mizani ya sekunde, ilhali mtazamaji anadhani anachungulia maisha ya jirani. Hatimaye Milda analazwa kati ya wazazi wake, naye mlaghai tuliyemjua anageuka mtoto. Hatumpendi, wala hatuwezi kumchukia.

Huenda ikasemwa kwamba sifa hizi ni za mwongozaji. Lakini chini ya waongozaji wengine pia, katika Starci na chmelu (1964) ya Rychman na Svatba jako řemen (1967) ya Krejčík, Pucholt alitegemewa kubeba wahusika muhimu.

Mwaka 1967 alihamia Uingereza, akasomea udaktari, na baadaye akawa daktari wa watoto nchini Kanada. Kwa kuwa aliondoka kabla ya uvamizi wa Agosti 1968, si sahihi kuihesabu safari yake kuwa zao la vifaru. Wala si haki kuyapima mafanikio yake kwa filamu ambazo hakuzicheza. Mhakiki hana budi kuhukumu kazi iliyopo. Iliyopo ni michache, lakini inatufunza kwamba pale tunapodhani hapana uigizaji, ndipo hasa tunapopaswa kumtafuta mwigizaji.