Mhunzi Asiyevumbua Chuma: Kalala Ilunga na Mijibu wa Kalenga katika Kisa cha Waluba

Masimulizi ya Waluba wa Katanga kuhusu chimbuko la dola yao yamehakikiwa sana kama historia na kama kisasili, lakini ni mara chache yamesomwa kama maisha ya mtu. Mtu huyo ni Kalala Ilunga, ambaye masimulizi humsifu kwa kuwaletea watu wake ufundi mpya wa kufua chuma. Yeye basi ni mvumbuzi. Na kwa kuwa kiwanda cha mhunzi hakikuwahi kutenganishwa na uganga, ni mvumbuzi aliye pia mganga. Makala haya yanadai kwamba sifa hiyo haitokani na jambo lolote alilolitenda ndani ya kisa chenyewe. Anayebuni ni mwingine, naye hakukalia kiti.

Kisa chenyewe kinafahamika vizuri mjini Lubumbashi, hata kwa wengi wasiozungumza Kiluba. Nkongolo Mwamba, mfalme mwekundu ambaye jina lake ni upinde wa mvua, anatawala kwa ulevi na ukatili. Kutoka mashariki anatokea mwindaji mweusi, Mbidi Kiluwe, mtu wa adabu asiyekula mbele za watu. Anawaoa dada wawili wa Nkongolo, kisha anarudi kwao kabla mwanawe hajazaliwa. Mwana huyo wa Bulanda ndiye Kalala Ilunga. Anapokua anamshinda mjomba wake katika michezo na kumzidi sifa vitani, hata Nkongolo anaazimia kumwua. Linachimbwa shimo, mikuki inasimikwa ndani, mkeka unatandikwa juu, na kijana anaalikwa kucheza ngoma. Anaokoka, anakimbilia kwa baba yake ng'ambo ya mto, anarudi na jeshi. Nkongolo anakatwa kichwa.

Msomaji atafute katika mfululizo huo wa matukio mahali ambapo Kalala anajenga tanuri au anashika nyundo. Kwa kawaida hatapaona. Uwindaji unasimuliwa, mchezo unasimuliwa, ngoma inasimuliwa kwa raha na kwa kina; uhunzi unatajwa tu, kama sifa inayotajwa katika majigambo. Katika sanaa ya masimulizi tofauti kati ya kusimulia na kutaja si ndogo. Msimulizi hukaa pale ambapo hadhira yake inataka akae, na jambo linalopitwa kwa sentensi moja huwa ama halina uzito au uzito wake uko nje ya kisa.

Kwa habari ya chuma, uzito huo ulikuwa nje. Miongoni mwa taratibu za kumtawaza mfalme wa Waluba lilikuwamo tendo la kuiga ufuaji juu ya fuawe, na pini za chuma zenye umbo la fuawe zilivaliwa kichwani kama pambo lenye maana. Mfalme hakufua chuma, alifuliwa yeye. Pierre de Maret, katika makala yake ya mwaka 1985 kuhusu kisasili cha mhunzi na asili ya uongozi Afrika ya Kati, alionyesha jinsi uhusiano huu ulivyo wa kale. Katika bonde la Upemba, kwenye kaburi moja la Kamilamba la takribani karne ya 8 au ya 9, fuawe ya chuma iliwekwa karibu na kichwa cha maiti pamoja na shoka la fahari. Wanahistoria huweka kuundwa kwa dola ya Waluba karne nyingi baada ya hapo. Kwa hiyo, yeyote aliyezikwa Kamilamba alikuwa na fuawe zamani mno kabla ya mwindaji yeyote kutoka mashariki kudaiwa kuuleta ufundi.

Hapa ndipo wahakiki waliotangulia wanapopungukiwa, kila mmoja kwa namna yake. Luc de Heusch (1972) alimsoma Nkongolo kama ukame na Mbidi kama mvua, akapata mpangilio mzuri wa vinyume, ila katika mpangilio huo wahusika hugeuka hali ya hewa. Thomas Reefe (1981) alitahadharisha, kwa haki kabisa, kwamba kisa ni hati ya kuhalalisha utawala wala si orodha ya matukio. Lakini hati ya namna gani huhitaji kumwita mrithi wake mvumbuzi wa kitu ambacho raia wake tayari wanacho? Jibu linalokubaliana na ushahidi wa makaburi ni kwamba kisa hakidai asili ya chuma, bali kinadai umiliki wake. Mgeni hakuwafundisha wenyeji kufua. Alichukua jina la kazi yao akalivaa kichwani.

Ubunifu wa kweli katika kisa uko mahali pengine. Kalala haokolewi shimoni kwa nguvu zake. Mpiga ngoma wake anamwonya kwa mdundo ambao yeye anauelewa na adui hauelewi, naye anautoboa mkeka kwa mkuki kabla ya kukanyaga. Baadaye Nkongolo anawalazimisha Mijibu wa Kalenga, mpiga ramli, na mwenzake Mungedi kupanda juu ya mti ili wamwite mtoro arejee, kisha anawaacha huko. Mijibu anaruka kwa uganga wake na kutua salama, akaenda kujiunga na Kalala. Hata katika matoleo ambayo Mijibu mwenyewe ndiye anayetoa onyo la shimo, kanuni haibadiliki: palipo na hatari panahitajika hila, na hila hutoka kwa mwenye elimu, si kwa mwenye damu ya kifalme. Wapiga ramli wa Waluba, wale waitwao bilumbu, wanamhesabu Mijibu kuwa wa kwanza wao. Hilo ni jambo la kupewa uzito. Jadi ya fani inamkumbuka mtaalamu pale ambapo jadi ya ikulu inamkumbuka mfalme.

Tatizo linazidi kisa kinaposimuliwa au kuandikwa kwa Kiswahili. Mijibu mara nyingi hufanywa "mchawi", neno ambalo kwa Mswahili yeyote lina sumu ndani yake, na papo hapo msaidizi wa shujaa anageuka mshukiwa. "Mganga" ni afadhali sana, kwani kitenzi kuganga kina maana ya kutibu na pia ya kuunga kilichovunjika; mganga kwa asili ya neno ni fundi wa kuunga. Lakini Katanga ina neno jingine lenye utata wa kupendeza. Katika Kiswahili cha huko, kama katika baadhi ya lugha za bara, mufumu ni mganga mwenye kupiga ramli, ilhali katika Kiluba mfumu, na katika Kibemba imfumu, ni chifu. Msikilizaji wa Lubumbashi anayezijua lugha hizi anaweza kusikia katika neno moja watu wawili ambao kisa kinajitahidi kuwatenga. Mfasiri anayekimbilia "mfalme" na "mchawi" anaifuta fursa hiyo kabla haijaonekana.

Ulinganisho na pwani unasaidia kuona kwamba jambo hili si la Waluba peke yao. Katika kisa cha Fumo Liyongo, ambacho Muhammad Kijumwa alikitungia utenzi mwaka 1913, shujaa anatoka gerezani kwa tupa iliyofichwa ndani ya mkate, huku vishindo vya ngoma vikifunika sauti ya chuma kukatwa. Chombo na muziki, kama kwa Kalala. Tofauti ni kwamba Liyongo anayabuni yote mwenyewe na kuyatuma kwa nyimbo; akili na jina viko kwa mtu mmoja. Waluba waliwagawa. Yumkini ndiyo maana Liyongo anabaki mtu hadi kifo chake, ilhali Kalala anafifia kuwa cheo: neno kalala lenyewe ni jina la wadhifa wa kivita.

Katika mji ambao tanuri la kampuni ya Union Minière liliwashwa mwaka 1911, na ambao vitabu vyake vya shule vilizoea kuanzia hapo, ni rahisi kumtwaa Kalala Ilunga kama jibu: sisi pia tulikuwa na mvumbuzi. Askofu Jean-Félix de Hemptinne alikuwa ameandika tangu 1926 juu ya "wala shaba" wa Katanga, wayeyushaji wa madini waliofanya kazi yao kwa zamu na kwa miiko, bila mfalme kati yao kudaiwa kuwa amewafundisha. Wao hawana kisa chenye jina la mtu. Naye Mungedi, aliyepandishwa mtini pamoja na Mijibu na asiyejua kuruka, alifia huko juu.