Nembo ya Sweta Huharibikia Kwenye Faili

Mduara wa nembo ya shule ukiwa kwenye kompyuta ni mduara kamili. Ukishadariziwa kwenye sweta, unatoka umebonyea kama yai na herufi zimekonda. Lawama huangukia mashine au uzi, ilhali mara nyingi kosa limo kwenye faili ya mishono inayoiongoza mashine.

Kila mshono huvuta kitambaa. Mduara uliojazwa kwa mishono ya kulala husinyaa upana, ukatanuka juu na chini. Programu za kitaalamu, kama vile Wilcom EmbroideryStudio, zina kipimo cha kufidia mvuto huo: mshono hurefushwa kidogo nje ya mstari wa mchoro, ili ukivutwa ukae mahali pake. Kaki ngumu huweza kutosheka na milimita 0.2. Sweta inanyumbuka, hivyo ipe 0.4 au zaidi.

Lakini kwangu mimi, kazi hujulikana kwa mishono ya msingi, ile inayofichwa chini. Chukua herufi ya mshono wa satini yenye upana wa milimita 4. Kwanza sindano hupita kandokando, ndani kidogo ya ukingo, kisha hupiga zigizaga pana. Hapo kitambaa kimeshikamana na karatasi ya kuimarisha iliyowekwa chini yake, na uzi wa juu hauzami kwenye sufu. Ndipo satini hulala juu, nafasi kati ya uzi na uzi ikiwa milimita 0.4 hivi. Rangi ya sweta ikichungulia, usikimbilie kubana mishono: kitambaa kitakakamaa na uzi utakatikakatika. Imarisha msingi kwanza.

Kitufe cha kugeuza picha kuwa mishono papo hapo sikiamini kwa nembo. Hakijui unashonea kitambaa gani.

Kuna jambo jingine linalowagharimu wateja. Faili ya DST, inayosomwa na mashine nyingi za viwandani, hubeba hatua za sindano tu. Hata rangi za uzi haihifadhi. Nembo ya sentimita 6 ukiikuza kwenye mashine hadi 9, mishono hubaki ileile na nafasi ya 0.4 inakuwa 0.6. Faili asilia ya programu huhifadhi maumbo yenyewe, kwa hiyo mishono huhesabiwa upya. Hata Ink/Stitch, ambayo ni ya bure, hufanya hivyo.

Ukilipia nembo, basi, dai faili zote mbili: DST na ile asilia.